Henry Mancini

Henry Mancini (jina la kuzaliwa Enrico Nicola Mancini; Cleveland, Ohio, 16 Aprili 1924 – California, 14 Juni 1994) alikuwa mtunzi, mpangaji wa muziki na kiongozi wa okestra nchini Marekani. Anajulikana hasa kwa muziki alioutunga kwa ajili ya filamu na vipindi vya televisheni, ukiwemo ule wa Peter Gunn na The Pink Panther, pamoja na wimbo Moon River. Katika maisha yake alipata tuzo 4 za Oscar na tuzo 20 za Grammy.

Kabla ya kupata sifa hizo alifanya kazi kwa miaka sita katika idara ya muziki ya kampuni ya filamu. Alishiriki katika filamu zaidi ya 100, na katika nyingi kati ya hizo jina lake halikuonyeshwa kwenye skrini. Kwa hiyo maisha yake yanasaidia kueleza kazi ya wanamuziki wa filamu, ambao sauti zao husikika na mamilioni ya watu wasiowajua.

Kwa wasomaji wa Afrika Mashariki, Mancini anakumbukwa pia kwa muziki wa Hatari! (1962), filamu iliyopigwa Tanganyika na kupewa jina la Kiswahili.

Familia na utoto

Mancini alikuwa mtoto pekee wa wazazi wenye asili ya Italia. Baba yake, Quinto, alitoka Scanno katika mkoa wa Abruzzo. Mama yake aliitwa Anna. Enrico alizaliwa Cleveland, lakini alilelewa West Aliquippa, mji mdogo wa viwanda karibu na Pittsburgh katika jimbo la Pennsylvania. Huko baba yake alikuwa mfanyakazi wa kiwanda cha chuma, kama walivyokuwa wahamiaji wengi wa mji huo.

Quinto alipenda muziki na alipiga filimbi. Enrico alipofika umri wa miaka 8, baba yake alianza kumfundisha pikolo, yaani filimbi ndogo yenye sauti ya juu, na baadaye filimbi ya kawaida. Baba na mwana walipiga pamoja katika bendi ya Waitalia wa mji huo. Hata hivyo, Quinto hakukusudia mwanawe aishi kwa muziki. Alitaka asome na awe mwalimu, asije akaishia kiwandani kama yeye.

Mwaka 1935 baba alimpeleka Pittsburgh kutazama filamu The Crusades ya mwongozaji Cecil B. DeMille. Kijana huyo alikuwa na umri wa miaka 11. Alivutiwa na muziki mkubwa uliosikika bila wapigaji kuonekana, akaamua kwamba kazi yake itakuwa kutunga muziki wa namna hiyo.

Alipofika miaka 12 alianza kujifunza piano. Mwalimu aliyemsaidia zaidi alikuwa Max Adkins, kiongozi wa okestra ya ukumbi wa Stanley mjini Pittsburgh. Adkins alimfundisha upangaji wa muziki, yaani ufundi wa kuchukua tuni moja na kuamua ni ala ipi ipige sehemu ipi, wakati gani na kwa nguvu kiasi gani. Ufundi huo ndio uliokuja kuwa msingi wa kazi yake yote.

Masomo na vita

Mancini alimaliza shule ya sekondari mwaka 1942, akaingia chuo cha muziki cha Juilliard mjini New York. Masomo yake yalikatizwa mwaka 1943 alipoandikishwa jeshini kwa ajili ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Alipangiwa kwanza katika bendi ya jeshi la anga, kisha akahamishiwa jeshi la nchi kavu na kupelekwa Ulaya. Mwaka 1945 alikuwa miongoni mwa askari wa Marekani walioshiriki kukomboa wafungwa wa kambi za mateso za Mauthausen-Gusen nchini Austria.

Mwanamuziki Glenn Miller, aliyekuwa na bendi mashuhuri ya dansi, alipotea na ndege yake katika safari ya kutoka Uingereza kwenda Ufaransa mwezi wa Desemba 1944. Baada ya vita bendi yake iliundwa upya chini ya Tex Beneke. Mancini alijiunga nayo mwaka 1946 akiwa mpiga piano na mpangaji. Humo alikutana na mwimbaji Ginny O'Connor, wakafunga ndoa mwaka 1947. Walipata watoto watatu: Chris, na mapacha Monica na Felice.

Wenzi hao walihamia eneo la Los Angeles. Huko Mancini aliendelea na masomo ya utunzi chini ya Ernst Krenek na Mario Castelnuovo-Tedesco, watunzi wawili kutoka Ulaya waliokimbilia Marekani.

Miaka sita bila jina

Mwaka 1952 Mancini aliitwa na kampuni ya Universal-International kwa kazi ya wiki mbili tu, kusaidia muziki wa filamu ya vichekesho ya Abbott na Costello. Wiki hizo mbili zikawa miaka sita.

Ili kuelewa kazi aliyoifanya ni vizuri kujua jinsi muziki wa filamu ulivyotengenezwa wakati ule. Filamu ilipokwisha kukatwa na kuunganishwa, wahusika wa muziki waliitazama pamoja na kuamua muziki uanzie wapi na uishie wapi. Msaidizi aliandika muda wa kila tukio hadi sehemu ya sekunde: mlango unafunguliwa lini, risasi inalia lini, mtu anageuka lini. Mtunzi alichukua orodha hiyo na kutunga muziki unaolingana nayo. Mwishoni okestra ilipiga huku kiongozi wake akitazama picha zikipita kwenye skrini.

Kampuni kubwa ziliendesha kazi hiyo kama kiwanda. Filamu moja iligawanywa kwa watunzi kadhaa: huyu alipewa sehemu za kufukuzana, yule sehemu za mapenzi, mwingine sehemu za kutisha. Pia vipande vya muziki wa filamu za zamani vilitolewa maktabani na kutumika tena katika filamu mpya. Majina ya watunzi hao mara nyingi hayakutajwa. Jina lililoonekana lilikuwa la mkuu wa idara, ambaye katika Universal alikuwa Joseph Gershenson.

Mfano mzuri ni filamu Creature from the Black Lagoon ya mwaka 1954, inayosimulia habari za kiumbe wa majini. Muziki wake ulitungwa na watu watatu, yaani Mancini, Hans J. Salter na Herman Stein, lakini mtazamaji wa wakati ule hakuonyeshwa jina la hata mmoja wao.

Kazi hiyo ilikuwa na faida yake. Mancini alilazimika kutunga muziki wa kila aina na kwa haraka: wa vita, vichekesho, ng'ombe na wapanda farasi, mizimu na safari za angani. Alijifunza pia kufanya kazi kwa fedha kidogo na wapigaji wachache. Mwaka 1954 filamu The Glenn Miller Story, iliyohusu maisha ya kiongozi wa bendi ile aliyoitumikia, ilimletea uteuzi wake wa kwanza wa Oscar, akiwa pamoja na Gershenson.

Kazi kubwa ya mwisho wa kipindi hicho ilikuwa Touch of Evil (1958) ya mwongozaji Orson Welles. Matukio yake yanatokea mpakani mwa Marekani na Meksiko. Welles alitaka muziki utoke ndani ya matukio yenyewe, yaani katika redio, baa na vilabu vya mtaani. Mancini alitunga muziki wa jazi na wa Kilatini uliolingana na mahitaji hayo. Kampuni iliihariri filamu hiyo kinyume cha matakwa ya Welles. Mwaka 1998 ilitolewa upya kwa kufuata maelezo aliyokuwa ameyaandika, na katika toleo hilo muziki wa Mancini uliosikika mwanzoni uliondolewa, sauti za mtaani zikachukua nafasi yake.

Peter Gunn na kuanza kujulikana

Mwaka 1958 Universal ilipunguza wafanyakazi, na Mancini akapoteza kazi akiwa na mke na watoto watatu wadogo. Alikuwa bado na kibali cha kuingia katika eneo la kampuni, akaenda kunyoa nywele kwa kinyozi wa huko. Alipotoka alikutana na mwongozaji Blake Edwards, waliyefahamiana katika kazi za awali. Edwards alikuwa akiandaa mfululizo wa televisheni kuhusu mpelelezi wa kujitegemea, akamwomba Mancini atunge muziki wake. Mfululizo huo uliitwa Peter Gunn, ukaanza kurushwa na NBC mwezi wa Septemba 1958.

Fedha za muziki zilikuwa kidogo, hivyo okestra kubwa haikuwezekana. Mancini aliamua kutumia kikundi kidogo cha wapigaji wa jazi. Muziki wa utambulisho unaanza na gitaa na piano zikirudia mstari mmoja mzito wa sauti za chini bila kubadilika, kisha vyombo vya kupuliza vinaingia juu yake. Piano hiyo ilipigwa na kijana aitwaye John Williams, ambaye baadaye alikuwa mtunzi wa muziki wa Jaws na Star Wars.

Kampuni ya santuri ya RCA Victor ilipotaka kutoa albamu ya muziki huo, ilimfikiria kwanza Shorty Rogers, mpiga tarumbeta aliyekuwa na jina kubwa zaidi. Rogers alikataa, akasema anayestahili kuurekodi ni yule aliyeutunga. Hivyo albamu ikatoka kwa jina la Mancini. Ilishika nafasi ya kwanza katika mauzo nchini Marekani, na mwaka 1959, tuzo za Grammy zilipotolewa kwa mara ya kwanza kabisa, ndiyo iliyochaguliwa kuwa albamu ya mwaka.

Tukio hilo lilikuwa na uzito kwa fani nzima. Kabla yake muziki wa televisheni ulihesabiwa kuwa kitu cha kujaza ukimya. Baada yake makampuni yalitambua kwamba watu wako tayari kununua santuri ya muziki huo na kuusikiliza nyumbani bila picha.

Moon River

Mwaka 1961 Edwards aliongoza filamu Breakfast at Tiffany's. Mwigizaji wake mkuu, Audrey Hepburn, hakuwa mwimbaji kwa taaluma na sauti yake haikufika mbali juu wala chini. Mancini alisikiliza jinsi alivyoimba katika filamu ya nyuma, kisha akatunga tuni inayozidi oktavo moja kwa hatua moja tu, ili aweze kuiimba bila taabu. Maneno yaliandikwa na Johnny Mercer. Huo ndio wimbo Moon River.

Baada ya onyesho la majaribio mkuu mmoja wa kampuni alipendekeza wimbo huo uondolewe. Hepburn na wenzake walipinga, ukabaki. Ulipata Oscar ya wimbo bora, na Mancini akapata Oscar nyingine kwa muziki wa filamu nzima. Mwaka uliofuata yeye na Mercer walitunga wimbo wa filamu Days of Wine and Roses, wakapata Oscar ya wimbo bora kwa mara ya pili mfululizo.

Hatari! na Tanganyika

Mwongozaji Howard Hawks alipiga filamu Hatari! katika Tanganyika kuanzia mwishoni mwa mwaka 1960 hadi mwanzoni mwa 1961, nchi ikiwa bado chini ya utawala wa Uingereza. Filamu ilipotoka mwaka 1962, Tanganyika ilikuwa tayari huru tangu tarehe 9 Desemba 1961. Inahusu kikundi cha watu wanaokamata wanyamapori kwa ajili ya bustani za wanyama. Waigizaji wake walikuwa pamoja na John Wayne, Elsa Martinelli na Hardy Krüger. Picha nyingi zilipigwa kaskazini, katika maeneo ya Arusha, likiwemo Momella. Krüger aliipenda Momella hata akanunua shamba huko.

Mancini hakuwa pamoja na wapiga picha Tanganyika. Alifanya kazi yake California, lakini Hawks alimletea ala za muziki kutoka Afrika. Miongoni mwake zilikuwamo kalimba, ile ala ya vijiti vya chuma inayopigwa kwa vidole gumba ambayo Wagogo huiita ilimba, na maganda makubwa ya mbegu yaliyokauka, yanayolia kama kayamba yakitikiswa. Mancini aliziingiza ala hizo katika okestra yake, hasa kwa midundo na sauti za porini.

Hata hivyo, kipande kilichojulikana zaidi, Baby Elephant Walk, hakitokani na muziki wa Afrika Mashariki. Katika filamu Elsa Martinelli anawapeleka watoto watatu wa tembo kuoga. Hawks hakuwa na hakika kama sehemu hiyo ibaki, kwa kuwa haikuwa na uhusiano mkubwa na hadithi, akamwuliza Mancini kama angeweza kuifanyia kitu. Mancini aliwatazama tembo hao na kuona kwamba mwendo wao unalingana na mdundo wa bugi-wugi, mtindo wa piano uliotokana na Wamarekani Weusi. Juu ya mdundo huo aliweka sauti ya kaliope, kinanda cha filimbi kilichozoeleka katika sarakasi, na tuni nyepesi ya kuchekesha.

Sehemu hiyo ya filamu ilibaki, na muziki wake ulimpatia Mancini Grammy ya upangaji. Umeendelea kutumika kwa miaka mingi katika vichekesho vya televisheni na matangazo ya nchi mbalimbali. Wengi wanaoutambua hawajui kwamba ulitungwa kufuata hatua za tembo waliopigwa picha Tanganyika.

The Pink Panther na kazi nyingine

Mwaka 1963 Mancini na Edwards walitengeneza The Pink Panther. Tuni yake ya taratibu na ya kunyatia iliandikwa kwa ajili ya saksafoni ya tena, na mpigaji aliyekuwa akilini mwa Mancini alikuwa Plas Johnson, mwanamuziki wa studio mjini Los Angeles. Johnson alikuwa miongoni mwa wapigaji waliorekodi katika filamu na santuri nyingi bila kujulikana kwa umma. Mwanzoni mwa filamu kulikuwa na katuni ya chui wa rangi ya waridi. Katuni hiyo ilipendwa hata ikapewa filamu zake fupi kuanzia mwaka 1964, ikabeba muziki wa Mancini hadi kwa watoto wa nchi nyingi.

Ushirikiano wake na Edwards uliendelea kwa zaidi ya miaka 30. Kati ya kazi nyingine alizofanya ni Charade (1963), The Great Race (1965) na Wait Until Dark (1967). Katika hiyo ya mwisho, inayohusu mwanamke kipofu anayevamiwa na wahalifu, alitumia piano mbili, moja ikiwa imeshushwa robo ya toni. Tofauti hiyo ndogo humfanya msikilizaji ahisi kwamba kuna jambo lisilo sawa, hata kama hajui ni lipi.

Mwaka 1969 upangaji wake wa muziki wa Nino Rota kutoka filamu Romeo and Juliet ulifika nafasi ya kwanza katika orodha ya santuri za Marekani.

Si kila kazi ilifanikiwa. Mwaka 1972 alitunga na kurekodi muziki wa Frenzy ya Alfred Hitchcock, lakini Hitchcock aliukataa wote na kumpa kazi Ron Goodwin. Katika fani hiyo mtunzi hana uamuzi wa mwisho hata akiwa na sifa kubwa kiasi gani.

Kwa televisheni alitunga muziki wa utambulisho wa vipindi vingi, vikiwemo Mr. Lucky, Remington Steele, Newhart na Hotel, na muziki wa mfululizo The Thorn Birds (1983). Oscar yake ya nne aliipata kwa filamu Victor/Victoria (1982), pamoja na mwandishi wa maneno Leslie Bricusse. Kwa jumla aliteuliwa mara 18 kwa tuzo hiyo.

Mtindo wake

Watunzi wa Hollywood waliomtangulia walitegemea zaidi okestra kubwa iliyofuata mapokeo ya Ulaya ya karne ya 19. Mancini aliingiza jazi, dansi na midundo ya Kilatini, akapunguza idadi ya wapigaji na kuacha nafasi ya ukimya. Alipenda pia sauti zisizotumiwa sana, kama filimbi za besi.

Ujuzi wake aliuandika katika kitabu Sounds and Scores (1962), kinachofundisha upangaji wa muziki hatua kwa hatua na ambacho kimetumiwa na wanafunzi wengi. Mwaka 1989 alitoa kitabu cha maisha yake, akisaidiwa na mwandishi Gene Lees. Kichwa chake, Did They Mention the Music?, ni swali la mtunzi anayesikia filamu ikisifiwa na kutaka kujua kama muziki nao umetajwa.

Kifo na urithi

Mancini alifariki kwa saratani ya kongosho tarehe 14 Juni 1994, akiwa na umri wa miaka 70. Wakati huo alikuwa akiandaa muziki wa Victor/Victoria kwa ajili ya jukwaa. Mchezo huo ulifunguliwa Broadway, New York, mwezi wa Oktoba 1995, zaidi ya mwaka mmoja baada ya kifo chake.

Mwaka 1995 alipewa tuzo ya heshima ya Grammy kwa kazi ya maisha yake. Mwaka 1997 ilianzishwa taasisi yenye jina lake kwa ajili ya kuwaendeleza wanamuziki vijana. Ilifungwa mwaka 2006, lakini jina hilo linaendelea kutumika katika shule ya muziki ya Chuo Kikuu cha Miami. Mwaka 2004 posta ya Marekani ilitoa stempu yenye picha yake.

Sehemu ya kazi aliyoifanya bila kutajwa imetambuliwa baadaye. Watafiti wa muziki wa filamu wamepitia kumbukumbu za Universal na kutenganisha vipande vya kila mtunzi, na muziki wa Creature from the Black Lagoon sasa hutajwa pamoja na majina ya wote watatu walioutunga.